Mwaka Tuliolinda Nyani

Msibani kwa Mzee Sele, mwezi uliopita, nilikaa chumba cha wanawake pamoja na mjukuu wake mmoja, msichana wa chuo, ambaye alikuwa akiwasimulia wageni jinsi babu yake alivyowahi kugombana na Mzee Likapa na jinsi wazee wa kijiji walivyowakalisha kikao, wakawasihi, wakapeana mikono. Alisimulia vizuri. Wageni walitikisa vichwa, mmoja akasema, "Wazee wa zamani walikuwa na busara." Mimi nilinyamaza, kwa sababu msibani si mahali pa kumsahihisha mtoto mbele za watu. Lakini nilipokuwa narudi Mtwara, gari likiteremka kutoka uwanda wa juu kuelekea Naliendele, niliona kwamba nikinyamaza na huku chini, habari itabaki ile ya kikao na mikono. Mikono haikupeanwa. Kikao kilikuwepo, ila kikao ndicho kilichowatenganisha. Waliojua mambo yalivyokuwa tumebaki wachache, na wengi wao hawaandiki.

Nilikwenda Chihanje mwezi wa Januari, nikiwa na umri wa miaka kumi na minane, kumsaidia mama mdogo Salima kazi za shamba. Chihanje ni kijiji cha ukingoni, pale ambapo ardhi ya Wamakonde inakatika ghafla na kuteremka hadi bonde la Ruvuma. Asubuhi ukungu ulipanda kutoka bondeni ukaingia hadi ndani, na nguo uliyoanika jana uliikuta imelowa tena. Hata hivyo maji hayakuwepo. Mvua ilikingwa kwenye bati na kupelekwa kisimani chini ya baraza, na mama mdogo aliyasimamia maji hayo kama mtu anayesimamia dawa. "Oga uso na miguu," aliniambia siku ya kwanza, "hapo katikati Mungu anakujua." Nililala chumba cha nyuma pamoja na magunia ya mbaazi na mtungi mmoja mkubwa ulioachwa na mama yake mume wake. Chumba kilinuka moshi na maganda ya korosho. Nilikichukia kwa wiki moja hivi, kisha nikakizoea, na leo nikisikia harufu ya korosho zinazochomwa hapa Chuno, mjini Mtwara, huwa nasimama kidogo barabarani bila kujua nimesimama kwa nini.

Mama mdogo alikuwa mjane mwenye mtoto mmoja, Hamisi. Mwaka ule Hamisi alitakiwa kuingia jandoni, na jambo hilo ndilo lililokuwa ndani ya kila alichokifanya mama yake: kuku aliowafuga, mtama aliouweka, kanga aliyoinunua na kuikunja chini ya godoro bila kuivaa. Kila tulipokwenda kubangua korosho jikoni kwa Bi Fatu, mke wa Mzee Sele, mazungumzo yalianzia popote yakaishia kwa Hamisi. Walizungumza Kimakonde, nami mwanzoni nilikielewa nusu, hivyo maneno ninayoyaandika hapa mengine ni yao na mengine ni tafsiri yangu.

"Atapewa jina gani?" Bi Fatu alimchokoza.

"Nitajuaje? Nikijua sasa, siku yenyewe nitapiga kigelegele cha nini?"

"Watamwita Mla-ming'oko. Kila nikimwona anatafuna."

"Mwanao yupi hatafuni? Hao wako wakipita shambani hata nyani anakimbia akatafute kwingine."

Ili habari hii ieleweke ni lazima nieleze jina lilivyokuwa likitolewa. Mvulana akitoka jandoni anatoka na jina jipya, na mama hulisikia kwa mara ya kwanza siku hiyo, hadharani, kutoka kwenye dimbila. Dimbila ni marimba ya magogo: vibao vya mti mgumu vilivyolazwa juu ya vigogo viwili vya mgomba, na wapigaji wawili wanaokaa wakitazamana, kibao kimoja kimoja kati yao. Chihanje wapigaji walikuwa Likapa na Sele. Likapa, mwembamba, asiyecheka, ndiye aliyeanzisha. Sele, mnene, mwenye maneno, ndiye aliyejaza mapengo. Wimbo haukuwa wa Likapa wala wa Sele. Ulikuwa ukitokea hapo katikati yao, na ukijaribu kumsikiliza mmoja peke yake ulisikia kitu kama mtu anayejikwaa. Siku ya kutoka jandoni Likapa aliimba jina la mama, na Sele akajibu kwa jina la mtoto. Majina hayo waliletewa na wakubwa wa jando, na ya huko jandoni mimi siyajui na si yangu kuyajua. Ninachojua ni kwamba mama alisimama akasubiri, Likapa akamwita, Sele akamjibu, na hapo ndipo mtoto wake alipokuwa mtu mzima.

Ugomvi ulianza wakati wa masika. Unyevu ulikuwa umeingia kwenye mti, na kibao kikubwa, chenye sauti nzito kuliko vyote, kilikuwa kimezama; kila kikipigwa kilivuta wimbo mzima chini. Sele alikuwa fundi. Likapa akiwa bondeni kwa ndugu zake, Sele alikichukua kile kibao, akakipunguza ncha zake kwa tezo, kidogo tu, hadi sauti ikapanda mahali pake. Kwa masikio yangu, na kwa niliyojifunza baadaye juu ya mti na sauti, alikifanya sawasawa. Ila kibao kile kilikuwa kimechongwa na baba yake Likapa, marehemu, na hakuna aliyewahi kukigusa kwa chuma tangu mzee yule azikwe.

Nilikuwepo Likapa aliporudi. Tulikuwa barazani kwa Bi Fatu, tunakula ugali wa muhogo na kisamvu. Likapa alikaa, akakipiga kile kibao mara moja, akakigeuza, akaona palipokatwa pamekuwa peupe.

"Nani amemkata baba yangu koo?"

Kama Sele angesema "nisamehe," nadhani yangeishia hapo. Lakini Sele alikuwa mtu wa kucheka kwanza. "Baba yako alikuwa na kikohozi," alisema, "nimemtibu."

Bi Fatu aliweka chini bakuli la kisamvu. Hakuna aliyecheka. Kule juu mtani anaruhusiwa kumcheza shere hata maiti, na baba yake Sele alikuwa mtani wa ukoo wa akina Likapa. Angesema yeye, watu wangeangua kicheko. Lakini ukoo kule hufuatwa kwa mama. Sele alikuwa wa ukoo wa mama yake, na ukoo huo haukuwa na utani wowote na akina Likapa. Alikuwa ametumia ruhusa ya baba yake kana kwamba ni kofia unayoweza kuivaa ukiikuta nyumbani. Alilijua kosa lake wakati ule ule, nilimwona usoni, na hilo likamfanya akasirike badala ya kuomba radhi.

"Kibao ni kibao," alisema.

"Basi nipe vya kwetu," alisema Likapa, "wewe baki na vyako."

Hapo ndipo kikao kilipoitwa. Wazee walisikiliza pande zote mbili kwa utulivu mkubwa, kisha wakatoa hukumu ya haki kabisa: kila mmoja achukue vibao vilivyochongwa upande wake. Likapa apewe alivyochonga baba yake, Sele apewe alivyochonga mwenyewe kujazia vilivyovunjika. Haikuwamo akilini mwa mzee hata mmoja kwamba vibao hivyo havikukaa upande upande. Vilipishana, cha huyu, cha yule. Likapa aliondoka na nusu yenye mapengo, Sele akabaki na mapengo yenyewe. Tangu siku hiyo hawakusalimiana. Wakikutana njiani Likapa alitazama miti, na Sele aliimba kwa mdomo uliofungwa hadi wapishane.

Watu walidhani yatakwisha. Mwezi wa sita wavulana waliingia jandoni, Hamisi akiwa wa kwanza kukatwa, na hayakuwa yamekwisha. Mwenyekiti wa kijiji, ambaye alikuwa mtu wa vitendo, alikuja nyumbani kutuambia kwamba amepata suluhisho: angekodi jenereta na redio kaseti yenye spika mbili kutoka mjini, muziki upigwe siku nzima, na majina yasomwe kwenye kipaza sauti.

"Yasomwe na nani?" aliuliza mama mdogo.

"Na mimi. Nitayasoma taratibu, Mama Hamisi, kila mtu asikie."

Mama mdogo alimkaribisha uji, akamshukuru, akamsindikiza hadi njiani. Aliporudi alikaa juu ya kinu kilicholazwa, jambo ambalo mwenyewe alinikataza kulifanya. "Mtoto wangu atolewe na kaseti," alisema. "Kaseti inanijua? Itaniita?" Kisha, kwa sauti nyingine kabisa: "Nitasomewa mwanangu kama mtu anayesomewa zamu ya zahanati." Sikuwahi kumwona akilia, wala siku ile hakulia. Alikwenda kwa Likapa, akarudi. Alikwenda kwa Sele, akarudi. Wote wawili walimjibu kwa adabu kwamba wangempigia yeye hata kesho, ila si pamoja na yule.

Ndipo nikapewa kazi ya kulinda. Mbaazi zilikuwa zimekomaa, mabibo ya kwanza yameanza kuiva, na nyani walipanda kutoka kwenye genge la ukingoni mwa bonde kila siku wakiwa familia nzima, wazee mbele, akina mama na watoto mgongoni. Shamba la mama mdogo lilikuwa kati ya shamba la Likapa na shamba la Sele. Kila shamba lilikuwa na dungu lake, kichanja cha miti chenye paa la nyasi, na mlinzi alikaa juu yake na kitu cha kupigia kelele. Mimi nilikuwa na debe. Likapa, upande wa mashariki, alikuwa na vibao vyake. Sele, upande wa magharibi, alikuwa na vyake. Desturi ya zamani ilikuwa hiyo: dimbila lilizaliwa shambani, kufukuza wanyama, kabla halijaletwa kijijini kuchezewa. Na kwa lugha ya kule, mtu aliye kwenye dungu hata akipiga siku nzima hasemwi kwamba anapiga. Anasemwa kwamba analinda.

Siku za mwanzo walipokezana. Likapa alipiga akanyamaza, Sele akasubiri hadi awe na hakika, akapiga vyake. Kusikiliza kulichosha. Nilikuwa nikikaa pale katikati na ming'oko yangu, mizizi ya porini ya kuchemsha, kwenye jani, nikisubiri noti ambayo haiji, kama mtu anayeteremka ngazi gizani akakosa kidato. Kisha ikatokea alasiri moja, jua kali, nyani hawapo kabisa. Likapa alianza wimbo wa jando. Alikwenda mwendo, akajikwaa, akaenda, akajikwaa. Aliurudia. Na alipofika mahali pa kujikwaa mara ya tatu, upande wa magharibi kibao kimoja kililia. Kimoja tu. Likapa hakusimama. Pengo lililofuata likajazwa, na lililofuata tena, na muda si mrefu wimbo mzima ulikuwa umesimama juu ya mihogo ya mama mdogo, mkamilifu, nami nikiwa ndani yake na ming'oko mdomoni, naogopa kutafuna. Nimesikia muziki mwingi tangu wakati huo na nimeusoma kadiri vitabu vya kuazima vilivyoniruhusu. Sijasikia tena kitu kilichonifanya niogope kutafuna.

Nilikimbia nyumbani kumwambia mama mdogo. Jioni ile ile alimvizia Likapa njiani, mimi nikiwa nyuma yake na mzigo wa kuni.

"Shemeji, nasikia mmepatana."

"Na nani?"

"Zainabu amesikia wimbo mzima."

"Mimi nilikuwa nalinda," alisema Likapa. "Nyani walikuwa wengi."

Alipopita, mama mdogo alikwenda moja kwa moja kwa Sele, akamkuta anakula.

"Nyani leo," alisema Sele kabla hajaulizwa. "Hujapata kuona."

"Zainabu hakuona hata mmoja."

"Kwa sababu tumelinda vizuri."

Bi Fatu alikuwa akimmiminia mumewe maji ya kunawa. Alimtazama mama mdogo, mama mdogo akamtazama yeye, na nikaona kwamba kuna jambo limeamuliwa bila neno. Waliingia jikoni, wakaanza kubangua korosho kwa haraka isiyo ya kawaida. Nilisikia "shamba lako," nikasikia "njia inapita hapo hapo," kisha Bi Fatu akacheka hadi akakohoa moshi.

Mpango ulikuwa rahisi. Siku ya kutoka, wavulana hupanda kutoka porini kwa njia inayopita kando ya mashamba, na akina mama huwasubiri uwanjani. Mama mdogo alikwenda kwa mwenyekiti, akamwambia kwamba akina mama wangependa kuwapokea watoto shambani kwake, kabla ya uwanja, kwa sababu pana kivuli na pana nafasi. Mwenyekiti alisema jenereta haliwezi kupita kwenye mihogo. "Ndiyo maana lisubiri uwanjani," alisema mama mdogo, "vijana wacheze jioni wakipenda." Kisha akaenda kwa Likapa.

"Shemeji, Jumamosi nitakuwa nampokea mtoto. Mbaazi zangu zitaliwa. Utanilindia?"

Likapa alifikiri kwa muda mrefu. Hakuwa mjinga. "Kulinda nitalinda," alisema. "Na yule?"

"Yule ana shamba lake. Nitamzuia asilinde shamba lake?"

Sele naye aliulizwa, akajibu kwamba yeye hulinda kila Jumamosi, awepo mtu asiwepo. Majina, wakubwa wa jando waliwapelekea wote wawili kama miaka yote.

Jumamosi ile akina mama walijaa kati ya matuta, wamevaa kanga mpya, wengine wamebeba mtama wa kuwarushia watoto. Mama mdogo alikuwa amefungua ile kanga iliyokuwa chini ya godoro. Alisimama mbele kwa sababu Hamisi angekuwa mbele, na mikono yake hakujua aiweke wapi. Aliishusha, akaikunja, akaishusha tena. Huku Likapa kwenye dungu lake, kule Sele kwenye lake, kila mmoja amempa mwenzake mgongo. Mwenyekiti alikuwepo pia, amevaa suti, ana karatasi ya majina mfukoni. Aliniambia kwa upole kwamba asipoitwa mtu, yeye yuko tayari.

Tulisikia watoto kabla hatujawaona. Likapa alianza, na Sele akajaza, bila kuchelewa, kama mtu anayejibu hodi. Wavulana wakatokea kwenye mbaazi, wamenyolewa, wamepakwa mafuta, wameinamisha macho. Hamisi alikuwa wa kwanza. Alikuwa amerefuka. Likapa akainua sauti, ile sauti nyembamba yenye kutu, akaimba jina la mama mdogo Salima na ukoo wake, akaishia pale anapopaswa kuishia mwanzishaji.

Vibao vya Sele viliendelea. Sauti yake haikuja.

Likapa aliimba tena. Mama mdogo alikuwa amesimama mbele ya watu wote, ameitwa mara mbili, hajapewa mtu. Niliona mwenyekiti anaingiza mkono mfukoni. Kulinda kwa vibao Sele alikuwa amekubali, lakini kuimba ni kujibu, na kujibu ni kusema na Likapa. Nilimwona pale juu, amekaza shingo, jasho linamtiririka, anapiga kwa nguvu kuliko inavyohitajika.

Bi Fatu aliyekuwa kati ya akina mama ndiye aliyemwokoa. Aliruka juu, akaelekeza kidole kwenye mbaazi mahali ambapo hapakuwa na kitu, akapiga kelele iliyofika bondeni: "Sele! Nyani huyo! Nyani anaingia, unalala?"

Mlinzi akiambiwa nyani anaingia ni lazima apige ukelele. Ndiyo kazi yake. Sele alifumbua mdomo wake mkubwa, na kilichotoka ni jina la mtoto.

Jina hilo ni la mwenyewe na sitaliandika hapa. Mama mdogo hakupiga kigelegele mara moja. Alilisikia, kwanza. Kisha alipiga, na akina mama wote wakampokea, na Hamisi akainua macho akamtazama mama yake. Likapa alikuwa tayari anamwita mama wa pili, na Sele alimjibu bila kusubiri nyani, na wa tatu, na wote waliofuata hadi mwisho wa mstari. Karatasi ya mwenyekiti ilibaki mfukoni. Alikuwa anapiga makofi kuliko wote.

Watoto walipokwisha kupita, vibao vilinyamaza. Wale wawili walibaki juu ya madungu yao na hakuna aliyejua wataondokaje pale. Likapa alikohoa. Kisha, bila kugeuka, kwa sauti ya mtu anayeuliza habari za kazi, akaita:

"Sele! Nyani wamekwisha?"

Sele alijipangusa uso kwa kofia yake. "Bado," alisema. "Amebaki mmoja. Yumo kwenye dungu lako."

Hakuwa na ruhusa ya utani huo pia. Nilimwona Bi Fatu ameshika mdomo. Likapa, ambaye sikuwa nimemwona akicheka mwaka mzima, alisimama polepole juu ya kichanja, akatugeukia sote, akainua mkono mmoja, na kwa uso ule ule usiocheka akajikuna ubavu, taratibu, kama nyani mzee anavyojikuna akiwa ameshiba. Shamba zima liliangua kicheko. Mwenyekiti alikaa chini na suti yake. Mama mdogo peke yake hakucheka; alikuwa amesimama pale pale kwenye tuta, midomo inatembea, akilirudia jina la mwanawe kwa sauti ndogo, analizoea.